Ayub Ogada, Bingwa wa Nyatiti Aliyepita Katika Sinema

Watu wa Magoma na wa milima ya Usambara, huku Tanzania, ambao wazee wao waliwatii watawala wa ukoo wa Kilindi kule Vuga kwa sababu, miongoni mwa mengine, watawala hao waliaminiwa kuwa na uwezo juu ya mvua, hawahitaji kujua Kijaluo ili waguswe na wimbo wa mtu anayewahimiza wenzake waswage ng'ombe nyumbani kwa kuwa mvua imekaribia. Wimbo huo ni Kothbiro, na aliyeufikisha katika masikio ya ulimwengu ni Ayub Ogada, mwigizaji na mwanamuziki wa Kenya, ambaye kwa maoni yangu hajapewa bado taadhima anayostahiki katika nchi zetu.

Alizaliwa Mombasa mwaka 1956, katika jamaa ya Wajaluo, na wazazi wake walikuwa wanamuziki waliopata kuwaimbia Wamarekani nyimbo za kwao. Jina lake la kwanza lilikuwa Job Seda, na kwa jina hilo alionekana mwaka 1985 katika sinema ya Out of Africa, iliyopigwa Kenya chini ya uongozi wa Sydney Pollack, akicheza sehemu ya Kanuthia pamoja na Meryl Streep na Robert Redford. Sinema hiyo ilijipatia tuzo 7 za Oscar. Walakini sehemu zilizowekewa Waafrika ndani yake zilikuwa finyu, nyingi za utumishi na unyamavu, na kijana mwenye sauti kama ile hakuwa na nafasi ya kuitoa.

Sauti hiyo ilikuwa imekwisha kusikika Nairobi katika miaka ya 1970, alipokuwa katika bendi ya Black Savage na baadaye ile ya African Heritage, wakati ambapo vijana wa mjini aghalabu walipenda magitaa ya umeme, naye akageukia nyatiti ya mababu. Hicho ni chombo cha nyuzi 8, tumbo lake limechongwa kwa mti na kuwambwa ngozi, na mpigaji hukaa chini akazicharaza nyuzi kwa mikono miwili, ilhali kidole gumba cha mguu, kilichovikwa pete ya chuma, hugonga ubao wa chombo chenyewe. Hata mtu mmoja akawa mwimbaji, mpiga nyuzi na mpiga ngoma kwa wakati mmoja. Kwa desturi ya Wajaluo, mpiga nyatiti husifu walio hai na kuomboleza wafu, na huo nao ni uigizaji, tena wa kale kuliko sinema.

Mwaka 1986 alisafiri kwenda Uingereza, akaipiga nyatiti yake njiani na katika stesheni za treni za chini ya ardhi za London, mbele ya watu waliokuwa wakienda kazini kwa haraka. Mwaka 1988 akaalikwa katika tamasha la WOMAD, ambalo Peter Gabriel ni mmoja wa waasisi wake, na mwaka 1993 santuri yake ya En Mana Kuoyo ikatolewa na kampuni ya Real World. Ni santuri ya utulivu mkubwa, isiyojaza vyombo, na ndiyo sababu haijachakaa.

Sinema ikamrudia kwa njia nyingine mwaka 2005, pale Kothbiro iliposikika katika The Constant Gardener, hadithi ya mauti na dawa iliyopigwa Kenya, na safari hii akawako bila uso wake kuonekana. Miaka ya mwisho aliishi Nyahera, karibu na Kisumu, na huko akafariki tarehe 1 Februari 2019. Mwaka uliotangulia, Kanye West alikuwa ametia ndani ya wimbo wake wa Yikes kipande cha Kothbiro ya zamani ya Black Savage, ikasikika kwa mamilioni ya watu ambao wengi wao hawakupata kulijua jina la Ogada. Na hiyo ni dhuluma ambayo sisi, majirani zake tunaoishi ng'ambo ya mpaka tu, tunaweza kuirekebisha kwa redio zetu wenyewe.