Je, Wajua? Kampuni Ikifilisika, Nani Huchukua Jengo?

Je, wajua kwamba kampuni ikifilisiwa nchini Kenya, benki iliyochukua jengo kama rehani haipangi foleni na wadai wengine? Jengo hilo halimo katika mali anayogawa mfilisi hadi benki ilipwe deni lake. Ikibaki chenji, ndipo mfilisi huipokea.

Wajua kwamba benki hiyo ina njia tatu? Inaweza kuuza dhamana na, pesa zikipungua, ikadai salio kama mdai wa kawaida. Inaweza kuikadiria thamani na kudai tofauti. Au inaisalimisha kwa mfilisi na kudai deni lote pamoja na wauzaji wa unga na wenye malori ya mizigo. Njia hii ya tatu ni ya benki yenye moyo wa sadaka.

Wajua kwamba rehani ya kampuni ina saa inayohesabu? Nchini Kenya husajiliwa ndani ya siku 30, Uingereza siku 21, Tanzania siku 42, kwa msajili wa kampuni, BRELA. Wakili akiisahau kwenye droo na mahakama isiongeze muda, mfilisi ana haki ya kuipuuza. Deni halifi. Dhamana ndiyo inayokufa, na benki ya mabilioni inajikuta mdai mtupu.

Wajua kwamba kuna rehani inayoelea? Ile ya kawaida hushika kitu kinachojulikana: kiwanja, jengo, mtambo. Inayoelea hushika vinavyoingia na kutoka: bidhaa ghalani, madeni ya wateja. Kampuni huendelea kuviuza bila kuomba ruhusa, hadi siku ya ufilisi, ambapo rehani hutua juu ya vilivyopo. Tofauti hiyo ni kubwa kwa wafanyakazi. Sheria ya Ufilisi ya 2015 huwapa mishahara ya miezi minne kabla ya ufilisi, isizidi Sh200,000 kwa kila mmoja, na malipo hayo humtangulia mwenye rehani inayoelea. Hayamtangulii mwenye rehani ya jengo. Ndiyo maana benki hupenda ardhi.

Wajua kwamba kisa maarufu zaidi cha mambo haya kilianzia kwa fundi viatu? Aron Salomon alikuwa na biashara ya mabuti Whitechapel, London. Mwaka 1892 aliiuzia kampuni aliyoiunda mwenyewe: hisa 20,001 zake, na hisa sita za mkewe na watoto watano, mojamoja. Sehemu ya bei aliichukua kama deni la pauni 10,000 lenye dhamana juu ya mali yote ya kampuni. Biashara ikayumba. Akaihamishia dhamana hiyo kwa Edmund Broderip apate mkopo wa pauni 5,000, lakini wapi, mwaka 1893 kampuni ikafilisiwa. Broderip alilipwa kwanza. Kilichobaki, zaidi kidogo ya pauni 1,000, kiligombaniwa na Salomon na mfilisi aliyesimama upande wa wadai wasio na dhamana. Mahakama mbili zilimkatalia Salomon. Novemba 1896, Baraza la Malodi likampa haki: kampuni ni mtu mwingine kabisa, na mwenyewe anaweza kuidai kwa dhamana. Wadai wa kawaida hawakupata hata senti. Lodi Macnaghten, aliyekuwa miongoni mwa waliomkubalia, alisema waziwazi kwamba kwa maoni yake wadai wa kawaida wa biashara walistahili kutangulizwa, ila sheria haikusema hivyo. Mimi niko naye.

Wajua kwamba Januari 2020 wadai wa Nakumatt, kampuni ya maduka makubwa ya Kenya, walipiga kura kampuni hiyo ifilisiwe? Wengi wao walikuwa wameleta bidhaa kwa mkopo, bila rehani yoyote.

Wajua kwamba hata benki haikurupuki na nyundo? Sheria ya Ardhi ya Kenya ya 2012 hutaka mwezi wa kuchelewa, ilani ya miezi mitatu, kisha ilani ya siku 40 kabla ya kuuza. Dalali naye huongeza siku 45 za kukomboa. Ile taarifa ndogo ya mnada unayoiona gazetini, yenye nambari ya kiwanja na masharti ya amana, ina zaidi ya nusu mwaka nyuma yake. Nyundo ikigonga, haki ya kukomboa imekwisha.

Wajua kwamba Tanzania, ardhi ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya wastani wa soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria hudhania mwenye rehani amevunja wajibu wake hadi athibitishe vinginevyo?

Na wajua kwamba mkurugenzi akiweka nyumba ya familia kuidhamini kampuni yake, nchini Kenya rehani hiyo haina nguvu bila idhini ya mwenzi wake wa ndoa? Kuna minada iliyosimamishwa na mahakama kwa kukosa saini hiyo moja.