Ukija Dar es Salaam usiishie Mbagala: jinsi ya kutembezwa mji wa zamani kwa miguu

Wasikilizaji wetu wengi huja Dar es Salaam kwa shughuli. Huyu kamleta mgonjwa Muhimbili, yule kaja msibani, mwingine kafuata mzigo Kariakoo. Wakifika hulala kwa ndugu Mbagala, Tandika, Manzese au Mwananyamala, na shughuli ikiisha wanarudi Mbezi kupanda basi la nyumbani. Ukiwauliza wameona nini mjini, wengi watakutajia foleni.

Hata wenyeji wa Temeke na Kinondoni wapo hivyo. Wanapita Posta kila siku ndani ya daladala, lakini hawajawahi kusimama wakaambiwa lile jengo jeupe ni la nani na lile sanamu la askari limewekwa kwa sababu gani. Kutembezwa mji kwa miguu na mtu anayeujua si jambo la Wazungu peke yao. Katika makala haya tunaeleza unavyoweza kulifanya, utaona nini, na mambo gani ya kuangalia ili usipoteze fedha zako.

Kutembezwa ni nini hasa?

Ni kumpata mtu anayeijua historia ya mji, mkapatana malipo, akawaongoza kwa saa mbili au tatu mkisimama hapa na pale huku akieleza. Unaweza kuungana na kundi la watu msiojuana, au ukamchukua awe wenu peke yenu, wewe na ndugu zako.

Tunashauri awe wenu peke yenu kama mpo watu watatu au zaidi, kwa sababu mnagawana gharama. Faida yake ni kwamba mnachagua lugha, na Kiswahili kinatosha. Mkiwa na mzee, mnakwenda mwendo wake. Mkiwa na watoto wa shule, mnamwambia mapema ili aeleze kwa namna wanayoielewa.

Mnaanzia wapi?

Mji wa zamani si mkubwa. Anayetoka Kinondoni au Magomeni hupanda mwendokasi la Kivukoni akashuka Posta ya Zamani. Wa Temeke na Mbagala hupanda daladala za Posta, Stesheni au Kariakoo. Anayetoka Morogoro au Dodoma kwa treni ya SGR ana bahati zaidi, maana stesheni yenyewe ipo ukingoni mwa mji huo wa zamani.

Pazuri pa kuanzia ni Mnara wa Saa, pale Barabara ya Samora inapokutana na Uhuru. Mnara huo ulijengwa kuadhimisha Dar es Salaam kupewa hadhi ya jiji mwezi Desemba 1961, siku zilezile za Uhuru. Kutoka hapo mnashuka kuelekea baharini hadi Boma la Kale.

Boma la Kale lilijengwa katika miaka ya 1866 na 1867 kwa amri ya Sultani Majid bin Said wa Zanzibar. Wakati huo hapa palikuwa na kijiji cha Mzizima. Majid aliipenda bandari yake iliyojificha vizuri, akataka kujenga mji wa kupokea misafara kutoka bara, akauita Dar es Salaam, yaani nyumba ya amani. Alifariki 1870 kabla mji haujasimama, na mdogo wake Barghash aliyemrithi hakuujali. Majumba mengi yakabaki magofu. Boma likabaki, na limekarabatiwa. Kuta zake ni za mawe ya matumbawe, na mlango wake ni wa mbao za kuchongwa kama ile ya Unguja. Mwambie anayewaongoza awape muda wa kuuangalia mlango huo kwa karibu.

Mkifuata barabara ya Sokoine mnakuta majengo ya Wajerumani. Wao walifika mwaka 1887, na mwaka 1891 wakahamishia hapa makao makuu ya koloni lao kutoka Bagamoyo. Kanisa Katoliki la Mtakatifu Yosefu lilijengwa kati ya 1897 na 1902. Mbele kidogo ni kanisa la Kilutheri la Azania Front, lenye mapaa ya vigae vyekundu, likitazama bahari. Yote mawili bado yanasaliwa. Vaeni nguo za heshima kama mnataka kuingia ndani, na msiingie katikati ya ibada.

Sanamu la Askari na watu waliobeba mizigo

Kituo ambacho hatupendi mkipite haraka ni Sanamu la Askari, katikati ya mzunguko wa magari barabara ya Samora. Wajerumani waliweka hapo sanamu la gavana wao Hermann von Wissmann. Waingereza walipouteka mji mwaka 1916, katika Vita vya Kwanza vya Dunia, wakaling'oa. Mwaka 1927 wakaweka hili la sasa: askari Mwafrika, bunduki mkononi, singe yake ikielekea upande wa bandari. Nairobi na Mombasa nako yapo masanamu ya namna hiyo.

Sanamu ni la askari, lakini ukumbusho wake unawahusu pia wapagazi. Vita ile kwa sehemu kubwa ilipiganwa mahali pasipo na barabara wala reli. Mbung'o waliwaua farasi na punda, kwa hiyo chakula, risasi na hata vipande vya mizinga vilibebwa kichwani na watu. Wanahistoria wanakadiria kuwa upande wa Waingereza na washirika wao pekee uliwatumia Waafrika wapatao milioni moja kwa kazi hiyo, na wasiopungua 95,000 walikufa, wengi wao kwa maradhi na njaa. Waliochukuliwa na Wajerumani hawakuandikwa ipasavyo.

Watu hao hawakutoka mjini. Walichukuliwa vijijini, Dodoma, Singida, Iringa, Songea, Mahenge, Tabora. Huenda katika ukoo wako yupo babu aliyechukuliwa akabebeshwa mzigo na hakurudi, na hakuna kaburi lake. Mjini hapa walipiga kambi kubwa mahali ambapo jeshi hilo la wapagazi liliitwa kwa Kiingereza Carrier Corps. Midomo ya Waswahili ikalitamka jina hilo Kariakoo. Kila unapokwenda kufunga mzigo wa duka lako Kariakoo, unakanyaga kambi yao.

Mnazi Mmoja mpaka Lumumba

Kutoka kwenye Sanamu mnaweza kurudi ndani, upande wa Kisutu na mtaa wa India. Hapa ndipo palipoitwa Uhindini. Wakoloni waliugawa mji mara tatu: Uzunguni upande wa bahari penye bustani na nyumba kubwa, Uhindini penye maduka, na Uswahilini kwa Waafrika. Kati ya Uswahilini na sehemu nyingine wakaacha uwanja mtupu. Uwanja huo ndio Mnazi Mmoja. Leo ni mahali pa mikutano na kupumzika, lakini uliwekwa ili watu wasikae pamoja. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, watu walipoongezeka, serikali ya Mwingereza ikajenga nyumba za Waafrika mbali zaidi, Ilala, Temeke na Magomeni. Kwa hiyo ndugu yako anapolalamika kwamba Temeke ni mbali na mjini, mwambie umbali huo ulipangwa.

Mkivuka barabara ya Bibi Titi Mohamed na uwanja, mnafika mtaa wa Lumumba, zamani ukiitwa New Street. Hapo ndipo TANU ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954, siku tunayoiadhimisha kwa jina la Saba Saba. Bibi Titi mwenyewe alikuwa mwimbaji wa ngoma hapa mjini. Aliwaingiza wanawake wengi TANU kwa kupitia vikundi vyao vya ngoma, na wao ndio waliopeleka habari za chama nyumba kwa nyumba.

Kama miguu imechoka, malizieni Makumbusho ya Taifa, mtaa wa Shaaban Robert. Humo mna fuvu la Zinjanthropus lililogunduliwa Olduvai mwaka 1959, magari ya viongozi wetu, na ukumbusho wa waliokufa katika mlipuko wa ubalozi wa Marekani wa tarehe 7 Agosti 1998. Mtanzania hulipa kiingilio kidogo kuliko mgeni, kwa hiyo beba kitambulisho chako.

Unampataje wa kukutembeza?

Kwanza, uliza Makumbusho ya Taifa au Boma la Kale. Pale wapo watu wanaoijua kazi hii au watakaokuelekeza kwa anayeijua. Njia ya pili ni kampuni za utalii. Kwa mujibu wa Sheria ya Utalii ya mwaka 2008, mwenye kufanya kazi ya kuongoza watalii kwa malipo anatakiwa awe na leseni. Mwombe akuonyeshe. Mkweli hatakasirika.

Usimfuate mtu anayekudaka njiani Posta au Feri akisema, "Mzee, ngoja nikutembeze, utanipa chochote." Hiyo chochote mwisho wa safari huwa kubwa.

Kabla hamjaanza kutembea, malizeni mambo manne. Bei ni ya kundi zima au ya kila mtu? Viingilio vimo au mnalipa wenyewe? Ni saa ngapi, na mtapita wapi? Nani analipa nauli kama mtapanda chombo? Mkishapatana, mwombe akuandikie kwa ujumbe wa simu. Ukitakiwa kutoa kitangulizi, toa kidogo, kiasi kinachobaki ulipe mwisho. Hakikisha jina linalotokea kwenye simu unapotuma fedha ndilo la mtu au kampuni mliyopatana.

Mambo ya kuangalia njiani

Anzeni asubuhi, saa moja na nusu au saa mbili, kabla jua halijakolea. Jumapili magari ni machache, lakini baadhi ya majengo hufungwa na makanisani kuna ibada. Bebeni maji na kofia, na vaeni viatu mlivyovizoea.

Simu isikae mkononi ovyo ukiwa kando ya barabara, hasa Kariakoo na Feri, maana wapo wanaokwapua kwa pikipiki. Msipige picha Ikulu, bandarini, wala penye askari na majengo ya ulinzi. Ukiwa na shaka, muulize anayewaongoza kwanza. Watu nao si mapambo: muuza samaki au mama ntilie mwombe ruhusa kabla hujampiga picha.

Kwa nini usingoje mwaka kesho?

Kwa sababu mji wa zamani unapungua. Nyumba nyingi za ghorofa moja na mbili za Uhindini zimebomolewa na mahali pake pamesimama maghorofa marefu. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inayalinda moja kwa moja majengo yaliyojengwa kabla ya 1863, na Dar es Salaam ndipo ilipokuwa inaanza. Kwa hiyo jengo la hapa halilindwi mpaka serikali ilitangaze kwa jina lake. Milango ya kuchongwa ya kabla ya 1940 inalindwa na sheria hiyo, lakini mlango hausimami bila nyumba.

Kwa wasio na fedha ya kumlipa mtu, zipo sehemu nyingine karibu na mnapolala. Kinondoni kuna Kijiji cha Makumbusho, barabara ya Bagamoyo, penye nyumba za asili za makabila mbalimbali, na Magomeni ipo nyumba aliyoishi Mwalimu Nyerere wakati wa kudai Uhuru. Temeke kuna Uwanja wa Uhuru, ambapo bendera ya Tanganyika ilipandishwa usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961.

Ushauri wetu wa mwisho unaanzia nyumbani. Kabla ya kusafiri, kaa na mzee wa ukoo umuulize kama yupo aliyechukuliwa kwenda kubeba mizigo ya vita ya Wajerumani na Waingereza, alitoka kijiji gani na jina lake nani. Liandike. Ukifika kwenye Sanamu la Askari, mtajie anayekuongoza jina hilo, naye akueleze njia ambayo watu wa kwenu walipitishwa.