Kuhifadhi Orodha za Zamani za Tovuti

Kabla mashine za kutafuta hazijatawala intaneti, msomaji aliongozwa na orodha za tovuti zilizopangwa na watu. Yahoo ilianza hivyo mwaka 1994, mikononi mwa wanafunzi wawili wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani. Orodha yake ilifungwa mwaka 2014. DMOZ, iliyoanzishwa mwaka 1998 na kujazwa na wahariri wa kujitolea, ilifungwa Machi 2017, ikaacha nakala tuli.

Nakala tuli ni nini? Orodha hai hutegemea programu: kila ukurasa huundwa upya msomaji anapouomba. Programu ikichakaa, au mwenye kuigharimia akijitoa, yote hutoweka kwa siku moja. Katika nakala tuli, kila ukurasa huandikwa mara moja tu kuwa faili kamili. Fomu za kupendekeza tovuti huondolewa, na viungo vya ndani hurekebishwa ili msomaji aweze kushuka kutoka fungu kuu hadi mafungu madogo. Faili hizo zaweza kunakiliwa kwenye diski na kusomwa pasipo intaneti, jambo lenye faida kubwa kwa maktaba zetu.

Na viungo vilivyokufa? Visifutwe. Kwa mwanaisimu, orodha si anwani tu, bali ni uainishaji wa maarifa pamoja na istilahi zilizochaguliwa kuutaja. Anwani ikifa, jina la fungu, maelezo ya mhariri na tarehe hubaki kuwa ushahidi. Anayezifuta kwa nia ya kusafisha hupoteza kile hasa alichotaka kuhifadhi.