Je, Wajua? Bibi kizee aliyemsimamisha baba mwenye nyumba kwenye kona

Mwaka 1925, mwongozaji wa Denmark Carl Theodor Dreyer alitoa filamu bubu iitwayo *Du skal ære din hustru*, iliyotokana na tamthilia ya Svend Rindom.

Viktor, baba wa familia aliyepoteza biashara yake, anarudi nyumbani kila siku akitafuta kosa. Mkewe Ida hana neno. Tazama anavyokwangua siagi kwenye kipande chake cha mkate ili cha mumewe kikolee. Ni tendo dogo tu, lakini linamweleza mwanamke huyu mzima.

Anayevunja ukimya ni Mads, yaya mzee aliyemlea Viktor tangu utotoni, akichezwa na Mathilde Nielsen. Mads anamwondoa Ida akapumzike, kisha anashika hatamu za nyumba. Viktor anajikuta akifanya kazi alizozidharau, na mwishowe anasimamishwa kwenye kona kama mtoto, adhabu ileile aliyompa mwanawe! Ni nadra sinema kumpa mzee mamlaka makubwa hivi, na hapo ndipo ilipo nguvu ya filamu hii.

Dreyer alitaka kupiga picha ndani ya nyumba halisi, lakini nafasi ilikuwa finyu. Basi ikajengwa nyumba nzima studioni, yenye maji, gesi na umeme vinavyofanya kazi.

Filamu ilipendwa sana Ufaransa. Mafanikio hayo ndiyo yaliyomfungulia Dreyer njia ya kutengeneza huko *La Passion de Jeanne d'Arc*, iliyotoka mwaka 1928.