Je, Wajua? Vitabu Vilivyobishaniwa Kabla ya Kuwa Biblia

• Orodha ya kwanza tuliyonayo inayotaja vitabu 27 vya Agano Jipya, hakuna zaidi wala pungufu, imo katika barua ya Pasaka ya Atanasi, askofu wa Aleksandria, ya mwaka 367. Wengi hudhani kazi ya kuvichagua vitabu hivyo ilifanywa na Mtaguso wa Nisea mwaka 325, lakini kanuni 20 za mtaguso huo hazigusi suala hilo.

• Katika barua hiyohiyo, Esta hayumo kwenye Agano la Kale. Atanasi alikiweka kitabu chake pamoja na Didake na Mchungaji wa Herma: vitabu vya kuwafundishia wakatekumeni (wanaojiandaa kubatizwa), lakini si Maandiko.

• Miongo kadhaa kabla yake, Eusebio wa Kaisaria alitenga vitabu vilivyokubaliwa na wote na vile vilivyobishaniwa. Yakobo, Yuda, 2 Petro, 2 Yohana na 3 Yohana vyote vilikuwa kwenye ubishi. Ufunuo ulimshinda: aliuandika penye vinavyokubaliwa, kisha akaurudia penye vya bandia, kila mtu achague.

• Mwaka 1740 Ludovico Antonio Muratori alichapisha kipande cha orodha ya kale alichokikuta katika maktaba ya Milano. Kimeuacha Waraka kwa Waebrania, kikaingiza Hekima ya Sulemani. Kuhusu Mchungaji wa Herma kinasema: kisomwe, ila si mbele ya waumini kanisani, kwa kuwa kimeandikwa juzijuzi tu.

• Baadhi ya orodha zilihesabu hata mistari, kipimo kilichotumika pia kuwalipa wanakili. Ile inayohusishwa na Nikeforo, patriaki wa Konstantinopoli, inaipa Injili ya Tomaso, iliyokataliwa, mistari 1,300.

• Waraka wa Yuda unamnukuu Henoko. Kitabu cha Henoko kiliachwa karibu kila mahali, lakini Kanisa la Orthodoksi la Ethiopia linacho hadi leo katika Biblia yake ya vitabu 81.

• Waraka unaoitwa Amri ya Gelasi, wa karne ya 6 hivi, una orodha ndefu ya apokrifa (vitabu visivyokubaliwa). Humo imo Historia ya Kanisa ya Eusebio, ingawa mapema zaidi waraka uleule unashauri isitupwe kabisa.