LESENI ZA UDEREVA KWA WAZEE WALIOKO UINGEREZA

Wananchi wenye wazee wanaoishi Uingereza wanaelezwa kwamba, kwa sheria ya huko, leseni ya gari hukoma dereva atimizapo umri wa miaka 70. Baada ya hapo huombwa upya kila miaka 3, bila ya malipo wala mtihani wa udereva.

Wepesi huo usimghuri mtu. Mwombaji ndiye anayetamka mwenyewe maradhi aliyonayo, naye hutakiwa awe na macho yenye kusoma nambari ya gari iliyo umbali wa mita 20, ikibidi kwa miwani. Mwenye kuficha maradhi yanayoathiri uendeshaji aweza kutozwa faini hadi pauni 1,000, na akisababisha ajali aweza kushitakiwa. Ni heri watoto wamsaidie mzee kuijaza fomu kwa ukweli.