Madai ya Ajali ya Kutunga Yanavyopenya Mahakamani

Nchini Kenya, madai mengi ya fidia za ajali za barabarani huamuliwa na mahakimu, na anayetoa hela mwishowe huwa ni kampuni ya bima. Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, inamlazimu kila mwenye gari kukata bima ya kuwakinga watu wengine. Kifungu chake cha 10 kinaiagiza kampuni imlipe majeruhi aliyeshinda kesi hata kama ina ugomvi na mteja wake, ilimradi kiasi kisizidi shilingi milioni 3 kwa mtu mmoja. Kinga hiyo ni ya haki, kwani abiria anayepanda matatu hana njia ya kujua kama mwenye gari alisema kweli alipojaza fomu ya bima. Hata hivyo, kinga hiyohiyo ndiyo inayowavuta walaghai: ajali ambayo haikutokea, abiria ambaye hakuwemo, michubuko inayogeuka kuwa mfupa uliovunjika. Kampuni ya United Insurance iliwekwa chini ya usimamizi wa kisheria mwaka 2005, na Blue Shield ikafuata mwaka 2011. Kuanguka kwao kulikuwa na sababu nyingi, lakini zote mbili zilikuwa zimebeba bima nyingi za matatu, na waliobaki na hukumu zisizolipwa walikuwa majeruhi wa kweli.

Kampuni za bima hulalamika kwamba mahakama zimezifunga mikono. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki wa mwaka 1957, katika kesi ya R.G. Patel dhidi ya Lalji Makanji, anayedai kwamba mwenzake amefanya ulaghai hutakiwa kuuthibitisha kwa uzito unaozidi ule wa kesi za kawaida za madai, ingawa haufikii ule wa kesi za jinai. Isitoshe, ni lazima aueleze ulaghai huo kinaganaga katika majibu yake ya maandishi. Wanaolalamika wanataka kiwango hicho kishushwe. Nionavyo, kukishusha ni kutibu mahali pasipouma. Kumwita mtu tapeli mahakamani ni jambo zito linaloweza kumfikisha jela, na madai mengi ya uongo hayapenyi kwa sababu ya kiwango hicho. Yanapenya kwa sababu karatasi zake hazihojiwi.

Tazama jinsi kesi ya kawaida inavyokwenda. Mdai huleta abstrakti ya polisi (muhtasari wa taarifa ya ajali), fomu ya P3 (fomu ya polisi ya kueleza majeraha), kadi ya matibabu na ripoti ya daktari. Ili kuokoa muda na gharama, mawakili wa pande zote mbili hukubaliana karatasi hizo zipokewe bila walioziandika kuitwa. Mara nyingi daktari aliyeandika ripoti hakumtibu mdai. Alimwona miezi kadhaa baadaye, akaandika alichosimuliwa na alichokisoma kwenye kadi. Ikiwa kadi ni ya kughushi, ripoti inairudia kwa lugha ya kitaalamu, na P3 nayo huenda imejazwa kwa kuitegemea kadi ileile. Hakimu anaona karatasi tatu zinazokubaliana, kumbe chimbuko lao ni moja. Mahakama ya Rufani ilisema mwaka 2010, katika kesi ya Wellington Nganga Muthiora dhidi ya Akamba, kwamba abstrakti isiyopingwa inaweza kutosha kuthibitisha mwenye gari ni nani. Nakubaliana na uamuzi huo, na funzo lake kwa kampuni ni kwamba kisichopingwa husimama.

Ushahidi wenye nguvu uko kwenye vitabu. Katika kituo cha polisi, kila taarifa huandikwa katika kitabu cha matukio kwa mfuatano, na abstrakti hutaja namba ya taarifa hiyo. Hospitali nayo ina rejista ya wagonjwa. Mwite askari aje na kitabu, mwite karani wa kumbukumbu aje na rejista. Kama chini ya namba iliyotajwa kuna wizi wa mbuzi, au namba ya kadi ilitolewa kwa mama aliyekuja kliniki ya wajawazito, mjadala unakwisha. Na hapa kuna tofauti ambayo mawakili wa bima huipuuza mno. Kifungu cha 107 cha Sheria ya Ushahidi kinamwekea mdai mzigo wa kuthibitisha anachodai. Kampuni haina haja ya kuthibitisha kwamba mdai ni tapeli ili ishinde. Inatosha kuonyesha kwamba hajathibitisha kuwa alikuwa ndani ya gari.

Kuna watakaosema kwamba kuwaita mashahidi hao kutazirefusha kesi na kumchosha majeruhi wa kweli. Hoja hiyo ina uzito, hasa katika Mahakama ya Madai Madogo, yenye kikomo cha shilingi milioni 1, inayotakiwa kumaliza kesi ndani ya siku 60 na isiyofungwa kikamilifu na kanuni za ushahidi. Wapo pia wanaohofia, na hofu hii naiona kubwa zaidi, kwamba kampuni zitatumia neno ulaghai kuchelewesha malipo. Kwa hiyo kampuni inayoshuku iseme mapema, itaje karatasi inayoishuku na sababu yake, na itume hati za kuita mashahidi kwa gharama yake. Ikinyamaza hadi siku ya kusikilizwa, mahakama isiisikilize. Ajali moja inapozaa kesi nyingi, kanuni za mwenendo wa madai zinaruhusu kesi moja ichaguliwe iwe ya mfano, na vitabu viletwe mara moja tu.

Njia nyingine ambayo kampuni huikimbilia ni kuomba tamko la mahakama kwamba bima ni batili kwa kuwa mteja alidanganya alipoikata. Sheria inataka kesi hiyo ifunguliwe kabla ya ile ya majeruhi, au ndani ya miezi mitatu baada yake. Njia hiyo inahusu uongo wa mteja. Haimgusi abiria wa kubuni. Anayeumia ni abiria aliyevunjika mguu kweli, kwani tamko likitolewa hubaki akimdai mwenye gari peke yake, na pengine mali ya mtu huyo ni matatu lililopondeka. Sheria inaitaka kampuni impe majeruhi taarifa ya kesi hiyo, naye ana haki ya kujiunga. Kabla ya kutoa tamko, hakimu aulize kwanza kama taarifa hiyo ilimfikia.